Mzee wa Graun

Februari 2016 nilikuwa nafanya kazi Innsbruck, Austria. Baba wa mwenzangu wa kazini, mzee aliyekwisha kupita miaka sabini, akajitolea kunivusha mpaka hadi Italia nikauone mnara wa kanisa unaosimama ndani ya ziwa la Reschen. Picha zake nilizikuta kila duka la kalenda hadi zikanichosha.

Siku hiyo maji hayakuonekana. Ziwa zima lilikuwa barafu, watoto wanateleza, vijana wanavutwa na vishada vikubwa vya rangi. Mimi mtu wa Dodoma, nikanyage ziwa! Nikasita ukingoni.

"Twende, mwanangu," mzee akasema, wala hakugeuka. "Ikipasuka nitatangulia mimi."

Barafu ilikuwa nyeusi, imejaa viputo vyeupe vilivyogandia humo humo, na mara kwa mara iliguna kwa chini, mguno mrefu wa kukukausha mate. Tukafika hadi nikaugusa ukuta. Mnara ni wa karne ya 14, mawe matupu, madirisha ya matao kule juu.

"Kanisa lenyewe liko wapi, mzee?"

"Walililipua."

Ilikuwa Julai 1950, yeye bado mtoto. Kampuni ya Montecatini ilitaka maji ya kuzalisha umeme, ikayapandisha mita 22, maziwa mawili yakawa moja. Nyumba 163 za kijiji chao cha Graun na sehemu ya kijiji cha Reschen zikaenda, pamoja na hekta 523 za mashamba na malisho. Padri wao, Alfred Rieper, alifika hadi Roma kwa Papa Pius XII. Haikusaidia kitu. Mnara uliachwa kwa kuwa ni wa kale na sheria iliulinda. Hapo ndipo nilipopandwa na hasira: mawe yana sheria ya kuyatetea, halafu wenye nyumba wanapewa mabanda!

Mzee hakuwa na hasira, au alishaimaliza. Nikamwuliza kuhusu kengele ambazo watalii huambiwa zinasikika chini ya maji wakati wa baridi. Akacheka hadi akakohoa. "Kengele zilishushwa kabla ya kanisa kulipuliwa. Zilie na nini?"

Kilichomkaa moyoni ni ng'ombe. Malisho yalipozama, baba yake aliwauza wote, na bei, alisema, ilikuwa ya kumwonea mtu.

"Kwenu nako kuna mabwawa?"

Nikamtajia Mtera, ninalopita kila niendapo Iringa, na samaki wa kukaanga tunaonunua pale. Akauliza waliokuwa wakiishi bondeni walihamia wapi. Sikujua. Miaka yote ile nilichouliza pale ni bei ya samaki.

Akaguna tu. "Zizi letu lilikuwa pale," akasema, akielekeza fimbo kwa kijana aliyebwagwa na kishada chake, anahangaika kusimama huku wenzake wanamzomea.