Mteja wa Kimya

Mwaka 2018 nilikuwa nauza vitabu vya mtumba Moi Avenue, Nairobi, kwenye baraza ya duka moja la viatu, hatua chache kutoka sanamu ya Tom Mboya. Biashara yenyewe watu huiita Inama: vitabu vimetandazwa chini juu ya nailoni, na mteja hana budi kuinama ndipo avione. Makelele ya pale sitayaeleza. Aliyepita anayajua, na asiyepita hataamini. Nitasema tu kwamba duka la jirani lilikuwa na spika mlangoni iliyotangaza bei ya sufuria kutwa nzima, na kwamba makanga wa matatu za Githurai walikuwa wakishindana nayo na kushinda.

Hapo ndipo mzee mmoja mrefu, koti la suti na raba safi, aliposimama akaniuliza kama nina kitabu cha kunyamaza.

Nilidhani nimesikia vibaya. "Cha nini, mzee?"

"Cha kunyamaza. Tulikuwa na mafungo parokiani, padre akakisifu. Kimeandikwa na kadinali Mwafrika."

Ustadh, jirani yangu wa kulia aliyeuza kofia, miswaki na vitabu vya dini, aliinua uso. "Mzee wangu, hilo halihitaji kitabu. Mtume ametumalizia kwa maneno machache: anayemwamini Mwenyezi Mungu na siku ya mwisho, na aseme la heri au anyamaze." Alisema hivyo kwa uso wa mtu aliyemwokolea mwenzake pesa. Mzee akamshukuru kwa adabu, akaendelea kuinama.

Kitabu nilikuwa nacho. Frateri mmoja aliyeacha seminari alikuwa ameniuzia katoni nzima kwa bei ya kutupa, na humo ndani alikuwemo Kadinali Robert Sarah wa Guinea, The Power of Silence, kilichotoka kwa Kifaransa mwaka 2016 na kwa Kiingereza mwaka uliofuata. Mzee alitoa mia tatu bila kuomba apunguziwe. Hilo lilinitia shaka kidogo. Mteja wa Inama asiyebembeleza bei ama ni mgeni mjini ama ana jambo.

Utaratibu wangu ulikuwa kwamba ukirudisha kitabu kikiwa safi, nusu ya bei yake inaingia kwenye kingine. Kwa njia hiyo mzee akawa mteja wangu wa Ijumaa. Alikipenda cha kadinali, hasa sehemu ya mwisho, pale Sarah anapokwenda milima ya Alpi, Ufaransa, kuzungumza na mkuu wa watawa wa Grande Chartreuse, watu ambao hupata ruhusa ya kuongea kwa uhuru wanapotoka matembezini mara moja kwa wiki. "Hao wana raha," aliniambia. "Mtu anajua Jumatatu ikifika ataongea." Siku yenyewe aliitaja kwa kubahatisha, lakini hoja yake niliielewa baadaye sana.

Baada ya kadinali nilimpa Thomas Merton, mtawa wa Kitrapisti aliyeingia monasteri ya Gethsemani huko Kentucky, Marekani, mwaka 1941, akaishi chini ya kanuni ya kunyamaza na akaandika vitabu zaidi ya hamsini. Mzee alipoambiwa hesabu hiyo alicheka mpaka akatafuta nguzo ya kushika. Mimi sikuona ajabu yoyote. Kalamu haipigi kelele, na maneno yakizuiliwa mlango wa mbele hutafuta wa nyuma.

Nilimshauri akasomee Maktaba ya McMillan, Banda Street, kwa sababu kimya cha mji huu ndiko kilikobaki, ukiondoa adhana ya Msikiti wa Jamia ulio jirani. Akakataa katakata. Alisema nyumba yenye simba wawili wa mawe mlangoni haimwiti yeye. Sikumbishia. Jengo lile lilifunguliwa mwaka 1931, na Mwafrika hakuruhusiwa kuingia kusoma mpaka 1958. Utulivu wake wa miaka hiyo yote ulikuwa wa watu wachache waliowaacha wengine nje pamoja na makelele yao.

Kilichomsumbua ni riwaya ya Shusaku Endo, Silence, iliyotoka Japani mwaka 1966. Ni habari za padre Mreno, Rodrigues, katika Japani ya karne ya 17, wakati Wakristo walipolazimishwa kukanyaga sanamu ya Kristo ili waonekane wameiacha imani. Wakulima wanateswa, padre anamwomba Mungu aseme neno, Mungu hasemi. Wasomaji wengi hukiweka kitabu hicho chini wakiwa na swali kuhusu Mungu. Mzee alikirudisha akiwa na swali kuhusu mlinzi.

"Umefika pale padre yuko kizuizini usiku, anasikia mtu akikoroma?"

Nilikuwa nimefika. Rodrigues anasikia mkoromo gizani, anadhani mlinzi amelala fofofo, na mlinzi huyo anamtia hasira na kicheko. Kumbe si mkoromo. Ni sauti ya Wakristo walioning'inizwa shimoni kichwa chini, wanaugua.

"Basi mlinzi amesingiziwa," mzee akasema. "Na hakuna mahali wamerudi wakamsafisha. Amesahauliwa hivyohivyo."

Nilicheka. Kati ya yote yaliyo katika kitabu kile, mtu anamtetea mlinzi! Ustadh, ambaye hakukisoma na wala hakukusudia kukisoma, alisema mwenye haki ni mwenye haki hata kama ni mlinzi.

Ijumaa ninayotaka kuisimulia ilikuwa ya Aprili, masika yale ya 2018 yaliyoleta mafuriko sehemu nyingi za nchi. Mzee alikuja saa tisa hivi, mawingu yameshashuka, akiwa na kitabu cha Erling Kagge mkononi. Huyo ni Mnorwe aliyetembea peke yake mpaka Ncha ya Kusini, akafika Januari 1993 baada ya siku 50, na kabla ya kuanza mwendo aliacha betri za redio kwenye ndege ili asiongee na mtu.

"Huyu wa betri mrudishe," mzee akasema. "Redio nzima, mtu mzima, anatupa betri kwa hiari yake!"

Sikupata nafasi ya kumjibu. Mvua ilikuja kwa mkupuo mmoja. Tuliburuta vitabu mpaka ukutani, tukavifunika kwa nailoni ya pili, na watu wakajazana barazani mpaka tukawa tunapumuliana shingoni. Stima zikapotea. Spika ya sufuria ilikata katikati ya "mia nane". Makanga wawili walijibanza kati yangu na Ustadh, wanatiririka maji, na hata wao hawakuwa na wa kumwita.

Juu ya rundo la riwaya nilikuwa nimesimamisha kipande cha katoni nilichokiandika kwa kalamu nene ili kuuza Dust, riwaya ya Yvonne Adhiambo Owuor. Kilisema: Lugha rasmi za Kenya ni Kiingereza, Kiswahili na Kimya. Maneno ni ya riwaya yenyewe. Yanakuja inapokumbuka yaliyofuata baada ya waziri Tom Mboya kupigwa risasi Julai 1969, kwenye barabara hii tuliyokuwa tumejikinga, enzi hizo ikiitwa Government Road. Mzee alikuwa akikipita kila alipokuja. Siku hiyo hakuwa na pa kwenda, akakisoma.

"Hii ya tatu," akasema, "ndiyo tuliyokuwa tukilipwa mshahara kwayo."

Sikuelewa, na wala sikumuuliza. Nilikuwa natoa maji kwenye nailoni kwa kiganja. Yeye aliingiza mkono chini ya kifuniko akatoa kitabu chembamba ambacho sikuwa nimemwonyesha, cha zamani, mgongo umeshikwa kwa selotepu: Sauti ya Dhiki.

Ustadh alikitambua kabla yangu. "Hicho ni cha kwetu Mombasa. Abdilatif Abdalla. Mpe kijana huyo heshima yake." Kijana huyo kwa wakati ule alikuwa na miaka sabini na kitu, lakini Ustadh alimzungumzia vile alivyokuwa alipokamatwa. Mwaka 1968 Abdilatif alitoa karatasi aliyoiita Kenya: Twendapi?, akiikosoa serikali ya KANU, na kwa ajili hiyo akahukumiwa kifungo cha miaka mitatu. Alikaa peke yake, akiyaandika mashairi kwa siri kwenye karatasi za choo. Oxford waliyachapisha mwaka 1973, na mwaka uliofuata kitabu kikapata Tuzo ya Fasihi ya Jomo Kenyatta, yaani tuzo yenye jina la rais ambaye serikali yake ndiyo iliyomfunga. Ustadh aliyasimulia haya kwa sauti ya kawaida, na nikaona watu wawili watatu wamegeuza shingo.

"Nisomee," mzee akamwambia. "Macho yangu na giza hili hayapatani."

Ustadh alichagua Kuno Kunena. Ni shairi ambalo maneno yake mengi yanaanza kwa herufi ile moja ya k, na mshairi anauliza kuna nini katika kunena hata kukamtia kifungoni. Hakulisoma, aliliimba, kwa mahadhi ya kwao, polepole, akipiga vina kwa kidole kwenye kasha la miswaki. Kiswahili chenyewe ni cha Kimvita, si rahisi kwa mtu wa bara, na nadhani nusu ya waliokuwa pale walishika nusu ya maneno. Hata hivyo baraza lilinyamaza. Alipomaliza, makanga mmoja akauliza, "Hiyo ni ngoma ya nani?"

"Ya gereza la Kamiti," mzee akamjibu. Halafu akanigeukia mimi. "Nilikuwa Kamiti."

"Ulifungwa, mzee?"

"Nilikuwa na funguo."

Alisema aliajiriwa mwaka 1975, kijana wa miaka ishirini na miwili, kwa hiyo mshairi alikuwa ametoka zamani. Lakini desturi aliikuta palepale. Kulikuwa na wafungwa wa kawaida ambao mlipigana nao kelele mchana kutwa, na kulikuwa na wengine ambao amri yao ilikuwa moja: usiongee naye. Unafungua, unahesabu, unafunga. Akikuamkia huitiki. Akiuliza leo tarehe ngapi hujui. Na ukirudi nyumbani jioni, nyumba za askari ziko hapohapo nyuma ya ukuta, mkeo akiuliza umeshindaje unamwambia vizuri.

"Amefariki hajui nilikuwa nafanya upande gani," alisema. "Miaka thelathini na moja ya ndoa."

Ustadh alisema maneno ya pole. Mimi nilikunja na kukunjua kona ya nailoni.

"Sasa nikuulize, wewe mwenye vitabu," mzee akaendelea, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayedai huduma, wala haikuwa ya huzuni. "Umeniuzia wa milimani, wa Marekani, wa theluji. Wote hao kimya walikifuata wenyewe. Huyu wa Ustadh alipelekewa mlangoni. Na sisi tuliompelekea? Nani ameandika?"

Niliipitia bidhaa yangu yote kichwani, na ile ya wenzangu mpaka Tom Mboya Street. Kulikuwa na Detained cha Ngũgĩ wa Thiong'o, cha mwaka 1981, kinachosimulia mwaka wake wa kizuizini Kamiti. Kulikuwa na kumbukumbu za J.M. Kariuki za kambi za wakati wa Mau Mau, zilizotoka mwaka 1963. Askari wamo ndani ya vitabu hivyo, wengine wakatili, wengine wenye huruma ya kujificha, lakini wote wanaonekana kutoka upande wa kitanda. Kutoka upande wa mlango sikuwa na hata kimoja. Bado sina, na tangu siku ile nimekuwa nikitafuta. Tuna rafu ndefu ya waliofungwa, nayo ni fahari ya fasihi yetu. Ila waliosikia yote na kuapa wasiseme wamezeeka Githurai na Kahawa, wanapanda matatu pamoja nasi, na hakuna aliyewauliza tarehe.

"Sina, mzee," nikasema.

"Nilijua huna." Alikigeuza kile kitabu, akatafuta bei niliyoiandika kwa penseli ndani ya jalada. "Hii mia nne ni ya nini? Kimeraruka."

Kwa mara ya kwanza alibembeleza bei. Tulianzia mia nne tukashuka mpaka mia mbili na hamsini, na nilipotaka kukata nusu ya Mnorwe alikataa. "Huyo mrudishe bure. Na hiki sikirudishi, usinihesabie."

Mvua ilikuwa imepungua. Makanga walitoka kwanza, wakaanza kuita. Mzee akaniomba nimfunikie kitabu kwa gazeti, kama tulivyofunika vya shule, maana alikuwa akikaa kwa mwanawe na wajukuu ni wadadisi. Nilichukua gazeti la wiki iliyopita nililokuwa nimekalia, nikakata kwa ukingo wa rula, nikakunja kona vizuri. Nilipompa alikitazama jalada jipya, akanirudishia.

"Geuza. Siwezi kubeba timu ya Gor Mahia mpaka nyumbani, mimi ni shabiki wa Ingwe."

Nikafungua, nikageuza. Upande wa pili ulikuwa matangazo ya vifo, picha kwa picha. Akasema hao ni afadhali, akakitia mfukoni mwa koti na kushuka barazani kutafuta gari la Githurai.