Sufuria Ndogo na Ndoo ya Nguru

Kitindamimba wangu alipoolewa Lamu, nyumba yetu ya Kibokoni, Mombasa, ilibaki na mimi, baba yao na masufuria ya kulisha ukoo. Mkubwa yuko Nairobi, wa pili Doha. Niliendelea kupika kama wote wataingia mchana na njaa zao. Wali ukibaki, jioni tunakula kiporo, asubuhi kiporo tena, mpaka mzee akaniuliza, "Kwani leo kuna hitma hapa?"

Masufuria makubwa nikayapandisha juu ya kabati, nikaenda Marikiti kununua dogo. Bila hivyo singeweza. Ukishika sufuria kubwa, mkono unamimina mchele wenyewe.

Majirani walinishauri nipumzike, eti nimeshalea. Sikuwasikiliza. Wa Nairobi nampelekea nguru. Namtia ndimu, kitunguu saumu, tangawizi na pilipili, namkaanga akauke haswa, kisha namwacha apoe kabisa. Hapo ndipo wengi wanapoharibu: ukimfunga wa moto, mvuke unageuka maji, na samaki anafika amechacha. Akishapoa namlaza friza. Jioni ya siku ya pili namzungushia magazeti, namtia kwenye ndoo yenye mfuniko, naipeleka Mwembe Tayari kwa basi la usiku. Asubuhi kijana anaichukua kabla ya kazi. Mahamri situmi, maana hamri la jana si hamri. Hayo atayala mwenyewe akija na treni ya SGR. Tangu ianze mwaka 2017, likizo fupi haimpiti.

Wa Doha alikuwa na shida nyingine. Saa zao na zetu ni moja, basi nilikuwa nampigia kila nikimaliza sala ya alfajiri, kumbe ndiyo kwanza ametoka kazini usiku kucha. Siku hizi namwachia sauti WhatsApp, akiamka anajibu. Akitokea msafiri, nampa achari ya maembe amchukulie.

Huyu wa Lamu ana mama mkwe, na jiko lile lina mwenyewe, kwa hivyo nangoja aulize. Mwezi uliopita aliuliza mbona mahamri yake hayafuri. Nikamwambia, "Mwanangu, ukande unga mpaka uache mkono, na tui liwe vuguvugu tu, la moto linaua hamira." Juzi kanitumia picha. Yamefura vizuri, ila nimemuuliza iliki katia kiasi gani, naye mpaka sasa hajajibu.