Mbinja kutoka Bidiya

Mtoto wa ami yangu anakaa Bidiya, Oman, pale mji unapoishia na mchanga wa Sharqiya unapoanzia. Ndege si shughuli yake. Tulipokuwa wadogo hapa Wete, Pemba, mie nikikaa chini ya mkarafuu nawasikiliza, yeye alikuwa keshaokota jiwe. Kwa hiyo Ijumaa ya mwezi wa tatu, saa kumi na moja na nusu alfajiri, simu ilipolia na nikaona katuma sauti, moyo ulinienda mbio. Nilijua ni msiba tu.

"Dada, sikiliza. Kuna mtu ananipigia mbinja tangu nilipotoka kusali. Nimelizunguka gari mara tatu, simwoni."

Bibi alikuwa pembeni yangu na kikombe chake cha chai. Akasema mbinja kabla ya jua haina kheri, mwambie asome Ayatul Kursiy. Nikairudia ile sauti, nimebana simu sikioni maana kunguru walishaanza fujo zao juu ya bati la jirani.

Kwanza ni upepo. Halafu mbinja mbili nyembamba, safi, za polepole, kama mtu anayejaribu kama mdomo umeamka. Zikafuata nyingine, zinapanda, zinakazana, mpaka zikawa zinakimbizana. Kisha zikalegea, zikashuka moja moja, zikakatika. Kimya. Mtoto wa ami anakohoa. Halafu zinaanza upya, vilevile.

Nikajibu papo hapo: huyo kipozamataza, kile kindege cha ardhini, yule mwenye kishungi. Sababu? Nilikuwa nimesoma kwamba Oman wako wengi. Basi. Ndiyo sababu yenyewe, na naona haya kuiandika.

Nilipomaliza chai nikasikiliza mara ya tano, nikajua nimepotea. Yule wa kishungi ni msemaji. Akipanda angani huunganisha maneno, huiga na ndege wengine, hana kituo. Huyu ana vituo. Anaacha nafasi kati ya sauti na sauti, unaweza kuzihesabu. Hudihudi je, yule ndege wa Nabii Suleiman? Sauti yake ni hup-hup-hup ya chini, kavu. Naye si huyu.

Msitu wa Ngezi umenifundisha kitu kimoja. Ninga wa Pemba, chozi wa Pemba, kinengenenge wa Pemba, hata kile kibundi chetu, wote wanne hawapatikani popote duniani ila kisiwani hapa, na wote utawasikia kabla hujawaona, kwa ajili ya majani. Jangwani hakuna jani la kumficha ndege. Lakini rangi yake yenyewe ndiyo jani: wa mchanga, juu ya mchanga. Ndiyo maana sikumuuliza rangi. Kila ndege wa kule angeniambia ni wa udongo. Nikamuuliza: akiwa chini, anaruka-ruka au anakimbia? Akiimba yuko wapi? Akishuka, anashukaje?

Nusu saa nzima hakujibu. Kumbe amekaa ndani ya gari, kafungua dirisha, anamvizia. Yeye!

"Anakimbia, dada. Kama kuku aliyefukuzwa jikoni. Anasimama wima, anachimba kwa mdomo, anakimbia tena. Mdomo mrefu, umepinda kidogo. Sasa sikiliza: kapanda kwenye kichaka, kaanza ile mbinja, karuka juu moja kwa moja huku anaimba, si juu sana, kama mnazi mchanga. Kufika kule akajipindua! Nilidhani kapigwa na kitu. Akaporomoka, akafungua mbawa karibu na chini. Mbawa nyeusi na nyeupe, dada, wallahi! Na mie nilikuwa namwona wa udongo tu."

Hapo sikuhitaji picha. Huyo ni kipozamataza-hudihudi, *Alaemon alaudipes*. Mbinja ile inayokazana halafu ikalegea, na kule kupanda na kujipindua, ni vyake. Dume ndiye anayefanya mchezo huo. Mbawa zilizofungwa ni mchanga mtupu. Zikifunguliwa ni michirizi mipana myeusi na myeupe, ndiyo hiyo iliyomtoa macho ndugu yangu. Nikaingia xeno-canto, ile tovuti ambayo watu hupandisha sauti za ndege tangu 2005, bando likaisha nusu, lakini rekodi ya pili niliyofungua ilikuwa ni yeye, na upepo wake.

Jina lina kisa. Mfaransa Desfontaines alipompa jina la kitaalamu mwaka 1789 alimtia katika jamii ya hudihudi hasa, *Upupa*, kwa ajili ya ule mdomo na zile mbawa, nadhani. Kwa hiyo kosa langu la Ijumaa lina wenzake. Ndege huyu anaenea kutoka visiwa vya Cape Verde, akapita Sahara yote na Arabuni, mpaka magharibi ya India. Akipata konokono mgumu humpandisha juu akamwachia aanguke avunjike. Na jua la mchana likizidi, huingia kwenye shimo la dhabb, yule mjusi mnene wa jangwani, akajistiri humo na joto. Hilo la shimo nilipomsomea Bibi alicheka, akasema, "Kumbe ana akili kuliko mjukuu wangu anayekaa garini na kiyoyozi."

Mtoto wa ami sasa amegeuka. Juzi kanitumia video ya sekunde nne: mlango wa gari, kidole chake, mchanga, na mwisho kitu cheusi na cheupe kikidondoka pembeni. Anaiita picha yake bora. Akadai nami nimtumie cha nyumbani, kile kibundi cha Pemba, kwa vile amesahau sauti yake.

Jana usiku nikatoka na simu. Kibundi chenyewe husema *hu* moja, akanyamaza, ukishakata tamaa akasema nyingine. Nilikaa mikarafuuni robo saa. Nimepata vyura, bodaboda mbili, jirani anayemwita mwanawe aje ale, na *hu* moja, katikati ya bodaboda ya pili. Nimeituma hivyo hivyo.