Mzee Fernando alikuwa na sauti!

Nimetoka kusikiliza rekodi moja ya Pavarotti sasa hivi, na mwili bado unasisimka.

Luciano Pavarotti, yule mwimbaji Mwitaliano wa opera (mchezo wa jukwaani unaoimbwa), mnene, ndevu tele, leso nyeupe mkononi. Alizaliwa Modena mwaka 1935. Mama alifanya kazi kiwanda cha sigara, baba, Fernando, alikuwa mwoka mikate.

Kumbe baba naye aliimba sauti ya tatu (tena, ile sauti ya juu ya kiume), tena nzuri haswa! Ila jukwaa lilimtia kiwewe. Akabaki na mikate yake na kwaya ya mjini.

1955 kwaya hiyo ilikwenda kushindana Wales, baba na mwana wote wamo. Wakashinda. Kijana akawaka moto: 1961 opera yake ya kwanza, 1972 akawapagawisha watu wa New York kwa noti tisa za juu kabisa ndani ya wimbo mmoja. Umaarufu wa baadaye mnaujua.

Sasa hii rekodi ni ya 1978.
Baba na mwana wanaimba Panis Angelicus, wimbo wa kanisani wa Kilatini, katika kanisa kuu la Modena.
Nimerudia mara kadhaa pale mzee anapoingia. Sauti imenyooka, huwezi kudhani ni mtu wa kuogopa watu.

Fernando alifariki 2002. Septemba 2007, kwenye mazishi ya mwanawe, kanisani humohumo, wakapiga rekodi hii.

Hapo ndipo nilipoishiwa nguvu.

Wanakwaya wangu mko wapi? Nani amewahi kuimba safu moja na mzee wake? Hebu tusimulieni.