Seli Zinapopukutika: Neno Apoptosi na Kiswahili Chake

Shangazi yangu alikuja Nairobi kutoka Malindi ili atibiwe saratani, na kwa kuwa mimi ndiye jamaa anayeishi huku, tena ninayejipatia riziki kwa kutafsiri, ukoo uliamua bila kuniuliza kwamba nitakuwa mkalimani wake kliniki. Siku ya tatu ya kwenda naye, daktari, kijana mpole aliyejitahidi sana kuzungumza Kiswahili sanifu, alimweleza kwamba dawa atakayotundikiwa ingezifanya seli za uvimbe zijiue. Shangazi hakumjibu. Alinigeukia mimi, akaniuliza kwa sauti ya chini, "Zijiue kwa nini, mwanangu? Zimekosewa nini?"

Nilitaka kucheka, lakini swali lenyewe halikuwa la mzaha. Kwa mtu wa umri wake, kujiua ni jambo linalotajwa kwa kunong'ona, na hakuna ajiuaye pasipo dhiki iliyomfikisha hapo; kwa hiyo alichokisikia ni kwamba ndani ya mwili wake kungetokea msiba wa viumbe waliokata tamaa. Daktari hakuwa amekosea elimu yake. Alikuwa ameichukua sitiari inayotumika sana katika Kiingereza cha madarasani akaihamishia kwenye lugha ambayo ndani yake inanuka vibaya. Tangu siku hiyo nimekuwa nikiliwazia neno ambalo alikuwa akijaribu kulifafanua.

Neno hilo ni apoptosi. Wengine huliandika apoptosisi, kwa mfano wa osmosisi, na sina ugomvi nao, ila nina sababu ya kupendelea umbo fupi, ambayo nitaieleza punde. Katika elimu ya seli, apoptosi ni jina la namna mojawapo ya seli kufa: namna ambayo seli huuendesha mwisho wake yenyewe, kwa utaratibu, kwa vifaa ilivyokuwa navyo tangu mwanzo, na bila kuwadhuru majirani. Maneno hayo ya mwisho ndiyo yenye uzito kuliko yote, ingawa ndiyo yanayosahaulika kwanza watu wanapolifafanua neno hili.

Asili yake inajulikana vizuri, jambo ambalo ni nadra kwa istilahi. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 mwanapatholojia kutoka Australia, John Kerr, alikuwa London akichunguza maini ya panya ambayo baadhi ya matawi ya mshipa wake wa damu yalikuwa yamefungwa. Sehemu fulani za ini zilikufa jinsi tishu zinavyojulikana kufa zikipungukiwa na damu. Lakini katika sehemu iliyobaki hai, ambayo ilikuwa ikinywea polepole, aliona seli mojamoja, huku na kule, zimegeuka kuwa vidonge vidogo vya mviringo, wala tishu za pembeni mwake hazikuwa na dalili yoyote ya kuvimba. Mwanzoni aliliita jambo hilo nekrosisi ya kusinyaa (nekrosisi ni kifo cha seli iliyodhuriwa), jina lililoeleza alichokiona lakini likakitia katika ukoo usio wake. Baadaye, akiwa Aberdeen, Uskoti, pamoja na Andrew Wyllie na Alastair Currie, alitafuta jina jingine, na aliyewapa ni James Cormack, profesa wa Kigiriki katika chuo kikuu cha huko. Wagiriki walilitumia neno hilo kwa majani yanayoanguka kutoka mtini na petali zinazoanguka kutoka kwenye ua: apo ni kutoka, na ptosis ni kuanguka. Madaktari wa macho wanayo ptosis yao tangu zamani, ile hali ya ukope wa juu kulegea na kushuka.

Makala ya watu hao watatu ilichapishwa mwaka 1972, nayo ina tanbihi ninayoipenda kuliko makala yenyewe. Waandishi walipendekeza kwamba mkazo uwekwe kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na kwamba p ya pili isitamkwe, ili asili ya neno ionekane. Wenye Kiingereza wengi hawakuwasikiliza, na hadi leo hulitamka watakavyo. Sisi tuna bahati: mkazo wa Kiswahili hukaa papo hapo bila kuombwa. Lakini hukaa hapo tu iwapo tutasema apoptosi; tukiongeza silabi moja, mkazo unasogea hadi kwenye si ya kwanza, na neno linapoteza mwendo wake. Hiyo ndiyo sababu niliyoahidi. Ama kuhusu p, ulimi wa Mswahili ukiachwa peke yake utasema apotosi, na kwa hilo utakuwa umewatii wale watatu kuliko wasomi wengi.

Turudi kwenye seli. Inapopokea ishara ya kufa, iwe imetoka nje, kwa seli nyingine, au ndani, kwa mfano baada ya DNA kuharibika kiasi cha kutotengenezeka, kundi la vimeng'enya viitwavyo kaspesi huamshwa. Kaspesi zimekuwamo muda wote, zimelala, kama visu vilivyomo alani. Zikishaamshwa, moja huamsha nyingine, nazo hukata protini za seli katika mahali maalumu: zile zinazoishikilia kama nguzo, zile zinazokizunguka kiini, na zile zinazokizuia kimeng'enya kingine kisiikate DNA. Mara nyingi mitokondria, ambazo kazi yake ya kila siku ni kuipatia seli nishati, ndizo zinazofungua mlango huo kwa kuachilia protini iitwayo sitokromu c. Seli husinyaa. Kiini hujikunja na kuvunjika. Utando wa nje hutoa mafundo, kisha seli nzima hugawanyika kuwa vifurushi vidogo, kila kimoja kimefungwa ndani ya utando wake, wala kilichomo ndani hakimwagiki.

Huku nje, mafuta fulani ya utando ambayo kwa kawaida hukaa upande wa ndani hugeuzwa yakaelekea nje, na hiyo huwa ni ishara kwa seli walaji kwamba vifurushi hivyo ni vya kuliwa. Huliwa haraka, kiasi kwamba anayetazama tishu kwa hadubini hukuta vichache sana hata mahali ambapo seli nyingi zinakufa. Nadhani hiyo ni sababu mojawapo iliyoufanya uchunguzi huu uchelewe: mazishi hufanyika upesi kuliko tanzia.

Nekrosisi ni kinyume chake. Seli iliyoungua, iliyokosa hewa ghafla, au iliyopigwa na sumu kali huvimba, hupasuka na kumwaga yaliyomo juu ya jirani zake. Mwili nao hujibu kwa wekundu, joto, maumivu na uvimbe. Aliyewahi kuuguza mtu mwenye donda ndugu ameiona nekrosisi kwa macho na kuinusa.

Tofauti hii niliielewa barabara kwa sababu ya mparachichi ulio nyuma ya nyumba tunayopanga hapa South B. Tawi moja lilivunjwa na upepo wakati wa mvua, likabaki likining'inia kwa ganda. Majani yake yalikauka, yakawa rangi ya kahawia, na hayakuanguka; majuma mengi baadaye bado yalikuwa yameng'ang'ania pale, huku mti wenyewe ukiendelea kuangusha majani yake makuukuu moja baada ya jingine. Mtu angedhani jani huanguka kwa sababu limekufa. Sivyo. Jani huanguka kwa sababu mti ulio hai umetengeneza tabaka la seli penye shingo ya kikonyo, tabaka hilo likalegea, na jani likaachiliwa. Kuanguka ni kazi, na kazi hufanywa na aliye hai. Tawi lililovunjika lilikufa kabla halijapata nafasi ya kuifanya, na ndiyo maana majani yake yaliganda juu yake. Seli iliyokufa kwa nekrosisi ni majani ya tawi lile. Seli iliyokufa kwa apoptosi ni jani lililoachiliwa, na kuachiliwa huko kunahitaji nishati na protini zinazofanya kazi hadi dakika ya mwisho.

Kwa hiyo "kujiua kwa seli" nimelikataa, na si kwa ajili ya shangazi tu. Linaipa seli kusudi na huzuni, na linaficha kwamba mara nyingi amri hutoka kwa wengine. Mkono wa mimba changa una umbo la kasia, na vidole hutengana kwa kuwa seli zilizo katikati yake hufa. Mkia wa kiluwiluwi hutoweka kwa namna hiyohiyo anapokuwa chura. Hakuna aliyekata tamaa hapo.

"Kifo cha seli kilichopangwa" kina ubaya wa aina nyingine. Si tafsiri ya apoptosi hata kidogo, bali ni istilahi tofauti, ya zamani kidogo kuliko yenyewe, iliyotokana na uchunguzi wa misuli ya nondo miaka ya 1960, nayo inahusu ratiba: kwamba seli fulani itakufa wakati fulani wa ukuaji. Apoptosi, kama Kerr na wenzake walivyoiasisi, inahusu sura ya kifo. Mambo hayo mawili hukutana mara nyingi. Mfano mashuhuri ni wa mnyoo mdogo wa udongoni, Caenorhabditis elegans, mwenye urefu wa milimita 1 hivi: katika ukuaji wa mnyoo wa jinsia mbili hutengenezwa seli 1,090 za mwili, na 131 kati yake hufa, zilezile kwa kila mnyoo, zikabaki 959. Utafiti huo uliwapatia Sydney Brenner, mzaliwa wa Afrika Kusini, pamoja na Robert Horvitz na John Sulston tuzo ya Nobel mwaka 2002. Lakini seli ya ngozi iliyochomwa na jua ikafa kwa apoptosi haikuwa na miadi yoyote. Kifo chake kina sura hiyo, ila hakikuwa katika ratiba.

Pendekezo langu ni kitenzi tulichonacho siku zote: kupukutika. Kila mwaka, kuanzia mwezi wa Septemba hivi, mijakaranda ya Nairobi huchanua, kisha maua yake ya zambarau hupukutika na kujaa barabarani, na sijasikia mtu akisema kwamba yamejiua. Nomino yake ni mpukutiko, kama poromoka inavyotoa mporomoko. Mpukutiko wa seli, seli zimepukutika: Cormack aliwapa wenzake hasa neno hili, ila kwa Kigiriki.

Neno hili lina kasoro zake, nami sitazifunika. Kupukutika hudokeza wingi, ilhali Kerr aliona seli mojamoja. Maua huoza chini ya mti, hayaliwi na majirani. Hapo Kigiriki nacho kina kasoro ileile. Kasoro kubwa iko katika umbo la kutendesha. Husemwa kwamba maradhi yamekipukutisha kijiji, yaani yamewamaliza watu, kwa hiyo dawa "inayopukutisha seli" itasikika kama tauni. Mimi huandika kwamba dawa "inaamsha mpukutiko" wa seli, jambo ambalo ni kweli zaidi, maana uwezo ulikuwamo ndani ya seli tayari. Saratani nyingi hudumu kwa sababu uwezo huo umezimwa. Protini iitwayo p53, ambayo kazi yake mojawapo ni kuamuru mpukutiko pale DNA inapoharibika, ina hitilafu katika takriban nusu ya saratani za binadamu.

Jambo moja zaidi, kwa watafsiri wenzangu. Mkia wa neno hili umekatwa ukawa kiambishi cha kuundia majina mapya ya vifo vya seli: piroptosi, ya mwaka 2001, ambayo mwanzo wake ni moto, na feroptosi, ya mwaka 2012, ambayo mwanzo wake ni chuma. Msizitafsiri kama mpukutiko wa moto na mpukutiko wa chuma. Katika piroptosi seli hupasuka na kuufanya mwili uvimbe makusudi, ili mwili uwajue vijidudu walioingia. Hakuna jani linaloanguka hapo, bali chungu kinachopasuka jikoni. Kiambishi kimesahau maana yake, na Kiswahili hakilazimiki kusahau pamoja nacho.

Shangazi nilimweleza hayo garini, kwa ufupi kuliko hapa: kwamba hazijiui, bali zinapukutika. Alinyamaza kitambo, kisha akaingiza mkono chini ya ushungi wake na kujipapasa. "Kumbe kama hizi nywele zangu." Nilimwambia kwamba si kama tu. Seli zilizo kwenye shina la unywele hugawanyika upesi, kwa hiyo dawa ileile huzigusa, nazo hufa kwa apoptosi hiyohiyo, ndipo unywele ukatoka. Hilo halikumfurahisha, ila alilikubali kwa wepesi kuliko habari ya kujiua.

Tuliporudi kliniki hakunisubiri nimkalimanie. "Daktari," alisema, "zile za uvimbe nazo zimeanza kupukutika, au ni nywele peke yake?" Daktari alinitazama mimi kwanza, kisha akamjibu kwamba tutajua atakapopigwa picha.