Kosa la sentimita 1 kwenye banio linavyozaa ugomvi wa maji

Ugomvi wa maji kati ya watu wa juu ya mto na wa chini huzungumzwa kama suala la tabia: wa juu ni wachoyo, wa chini ni walalamishi. Kikao kinaitwa, wazee wanahimiza uvumilivu, karatasi inatiwa saini, na kiangazi kikirudi watu wanashikana mashati palepale. Kwa maoni yangu, mapatano ya maji yasiyo na kipimo bado ni maneno tu. Tukitaka watu waliopo walime na mto ubaki kuwa mto kwa watakaokuja, kazi inaanzia kwenye banio, pale maji yanapoacha mto na kuingia mferejini.

Kwanza mjue mto una maji kiasi gani. Tafuteni sehemu iliyonyooka, yenye urefu wa mita 10 hivi, isiyo na mawe makubwa. Pimeni upana, kisha kina katika sehemu tano au sita kutoka ukingo hadi ukingo, mpate wastani. Tupeni kitu kinachozama nusu, chungwa linafaa sana, mhesabu sekunde linazotumia kumaliza hizo mita 10. Rudieni mara tano. Tuseme upana ni mita 2, kina mita 0.25, na chungwa linatumia sekunde 25. Eneo ni mita za mraba 0.5, mwendo ni mita 0.4 kwa sekunde. Zidisheni, kisha mzidishe tena kwa 0.85, kwa sababu maji ya juu hukimbia kuliko ya chini yanayosugua mchanga. Jibu ni mita za ujazo 0.17, yaani lita 170 kwa sekunde. Mto ukiwa na kina kifupi na mawe mengi, tumieni 0.7 badala ya 0.85.

Kipimo hiki si sahihi kwa asilimia mia, lakini kinatosha kuanzia mazungumzo, kwa masharti mawili. Kifanyike wakati mto umepungua kabisa, si baada ya mvua. Na pande zote mbili ziwepo zikishika kamba pamoja. Namba iliyoletwa na upande mmoja ni tuhuma nyingine tu.

Sasa linganisheni na mahitaji. Kwenye joto, mazao mengi hutumia kama milimita 5 za maji kwa siku. Kwa hekta 1 hiyo ni mita za ujazo 50, sawa na lita 0.58 kwa sekunde, usiku na mchana. Mfereji wa udongo unaovujisha nusu ya maji njiani unalazimisha kuchukua lita 1.2 hivi. Kwa hiyo lita 170 zinamwagilia kama hekta 140, na hapo mto umekauka kabisa chini ya banio. Ikiwa mashamba yaliyokwisha kulimwa ni hekta 300, hakuna msuluhishi atakayezaa maji ya hekta 160 zilizobaki. Kinachotakiwa kujadiliwa ni nani apunguze eneo, au nani alime kitu kinachokomaa mapema. Vikao vingi havifiki hapa kwa sababu hesabu hii haikuwekwa mezani.

Tufike kwenye mgawanyo wenyewe, ambako makosa ni mengi. Njia ninayoiamini ni kizingiti cha zege kinachogawa kwa uwiano: maji yote yanapita juu ya ukingo mmoja bapa, na ukuta mwembamba unayatenga. Upande wenye haki ya sehemu 3 unapewa upana wa sentimita 90, wenye sehemu 2 unapewa sentimita 60. Mto ukipungua, wote wanapungua pamoja. Hakuna wa kufungua wala wa kufunga, hivyo hakuna wa kushukiwa.

Lakini ukingo lazima uwe sawasawa. Upande mmoja ukikaa chini kwa sentimita 1, angalieni kinachotokea. Masika, maji yakipita juu ya kizingiti kwa kina cha sentimita 20, upande ule unapata ziada ya asilimia 8 hivi, na hakuna atakayeona. Kiangazi, kina kikishuka hadi sentimita 3, upande uleule unapata ziada ya zaidi ya asilimia 50. Kosa ni lilelile, ila linajificha maji yakiwa mengi na kujitokeza siku ambazo kila ndoo inahesabiwa. Watu wa chini wanasema wanaibiwa, wa juu wanaapa hawajagusa kitu, na wote wanasema kweli! Kwa hiyo msipokee kazi ya fundi kwa macho. Tumieni mpira mwembamba unaopitisha mwanga, uliojazwa maji, ule wa kusawazishia msingi wa nyumba. Hakikisheni hauna mapovu ya hewa ndani, maana povu moja linaharibu kipimo. Rudieni kila mwaka, kwa sababu zege hutitia upande mmoja mafuriko yakila udongo wa chini yake. Na tope lililojaa nyuma ya kizingiti litolewe, kwani linasukumia maji upande mmoja.

Mto nao una haki yake, na usiwekwe mwisho. Kanuni ya Donald Tennant, mtaalamu wa samaki wa Marekani, ya mwaka 1976, ya kuacha mtoni angalau asilimia 10 ya wastani wa maji ya mwaka, inatajwa mara nyingi, lakini ilitokana na mito ya Marekani. Kwenye mto wa msimu, asilimia hiyo inaweza kuzidi maji yote yaliyopo kiangazi. Ni afadhali mkubaliane kiasi kutokana na vipimo vyenu vya kiangazi, kisha mkijenge ndani ya zege: bomba lililo chini zaidi ya mdomo wa mfereji. Bomba la kipenyo cha sentimita 10, lenye maji sentimita 30 juu ya kitovu chake, likimwaga hewani, linapitisha kama lita 11 hadi 15 kwa sekunde, kutegemea urefu wake, kabla mfereji haujapata tone. Majani huliziba, kwa hiyo liwe mahali linapoonekana na lizibuliwe kila siku.

Kuna mtego mmoja unaoletwa na miradi yenye nia njema. Mfereji unasakafiwa, au inaletwa mipira ya kumwagilia kwa matone, maji yanaokolewa, watu wanafurahi. Mwaka unaofuata mkulima wa juu anaongeza shamba kwa maji yaleyale. Yale yaliyokuwa yakivuja na kurejea mtoni hayarejei tena, na wa chini wanapata pungufu kuliko zamani. Dawa ni kuandika kabla ya ujenzi kwamba mgawo utapunguzwa kwa kiasi kilichookolewa, na kupunguza upana wa mdomo siku ileile ya kukabidhi kazi.

Usimamizi nao unahitaji sura za watu. Mahakama ya Maji ya Valencia, Hispania, husikiliza mashauri kila Alhamisi hadharani mlangoni mwa kanisa kuu, kwa mdomo, na jaji anayetoka kwenye mfereji unaohusika hashiriki hukumu. Sharti hilo la mwisho ningeliiga kokote. Faini nazo zianze ndogo na kupanda: mvunjaji wa mara ya kwanza akisombeshwa tope siku nzima, inatosha. Anayelipishwa kiasi cha kumfilisi hatalipa, atakuja usiku na sururu.

Na zile namba ziandikwe. Fito yenye alama za sentimita isimikwe nyuma ya kizingiti, hatua kadhaa kabla maji hayajaanza kuinama kuelekea ukingoni. Kila asubuhi kiangazi, mtu mmoja wa juu na mmoja wa chini wasome pamoja, waandike kwenye daftari mbili, kila upande ubaki na lake.