Siku moja maishani mwangu: kulipwa ili useme "si yeye"

Nafanya utafiti wa kukodiwa. Mtu anataka kujua jambo lililofichika kwenye magazeti na makaratasi ya zamani ya Wales, hana muda wala nauli, ananilipa kwa saa nikamtafutie. Mama yangu kule Tanga huwaambia majirani kwamba nafanya kazi maktaba. Nimeacha kumsahihisha.

Saa 1 asubuhi. Aberystwyth, mji wa Wales ninakofanyia kazi, bado giza, Januari hii jua halitoki mpaka saa 2 ipite. Mombasa tayari ni saa 4, na mteja wangu ameshatuma jumbe za sauti. Ni mzee mstaafu anayeandika kitabu. Anataka sura nzima kuhusu "Waziri Thomas, yule Mwelshi wa chama cha Conservative," na jinsi alivyoshughulikia uhuru wa Zanzibar na Kenya mwaka 1963.

Saa 4. Nimepanda kilima, niko Maktaba ya Taifa ya Wales. Koti na begi kwenye kabati, kalamu ya wino marufuku, penseli tu. Nafungua kurasa ambazo mzee amekwisha kuziandika ili nijue ameanzia wapi, na hapo hapo nashika kichwa. Ameandika juu ya George Thomas: mbunge wa Cardiff, wa chama pinzani cha Labour, baadaye Spika. Ninayetakiwa kumtafuta ni Peter Thomas. Wales ina akina Thomas kama Pwani ilivyo na akina Mohamed, na kosa hili lina sababu yake. Uchaguzi wa Juni 1970 ulipomwondoa Waziri Mkuu Harold Wilson wa Labour, Waziri wa Wales aliyeondoka alikuwa Thomas, na aliyeingia alikuwa Thomas. Ukisoma gazeti la miaka ile linaloandika "Mr Thomas" tu, huna budi kurudi aya tatu nyuma kujua ni yupi.

Kwa hiyo asubuhi yote ni kumjenga Peter upya. Alizaliwa Llanrwst, kwenye bonde la mto Conwy, mwaka 1920, baba yake wakili. Vita vilimkuta akiwa rubani. Ndege yake ikaangushwa mwaka 1941, akakaa mateka Ujerumani miaka minne, na huko kambini akasoma sheria. Mimi hapo husimama kidogo. Watu wengine wamepewa maktaba yenye joto na bado hawamalizi kitabu. Aliporudi akawa wakili London mwaka 1947, akaoa mwigizaji Tessa Dean, na mwaka 1951 akashinda ubunge wa Conway, jimbo la nyumbani. Alilishika hadi 1966, Labour wakamnyang'anya.

Kilichofuata ndicho kilichomuuma kisiasa. Mwaka 1970 alirudi bungeni kupitia Hendon South, jimbo la London kaskazini, na Waziri Mkuu mpya, Edward Heath, akampa uwaziri wa Wales, Conservative wa kwanza kukalia kiti hicho, pamoja na uenyekiti wa chama juu yake. Alikisema Kiwelshi tangu utotoni, lakini wapinzani hawakuchoka kuuliza Wales inaongozwaje na mbunge wa London. Kwa maoni yangu swali lilikuwa halali, hata kama mwenyewe alikuwa Mwelshi kuliko baadhi ya waliomuuliza.

Saa 7 mchana. Supu, mkate, simu.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Umempata?"

Namwambia nimempata, ila si pale anapomtaka. Ni kweli, Desemba 1963 Peter Thomas alikuwa Waziri wa Nchi kwenye Mambo ya Nje. Lakini Zanzibar tarehe 10 na Kenya tarehe 12 hazikuwa nchi za nje kwa Waingereza, zilikuwa zao. Mambo yale yalikuwa ya wizara nyingine, ya Makoloni, chini ya waziri Duncan Sandys.

"Mambo ya nje ni mambo ya nje, binti yangu."

Naeleza tena. Naeleza kwamba ofisi zile ziliunganishwa 1968, ndiyo maana leo zinaonekana kitu kimoja. Anauliza kama hakualikwa hata kwenye sherehe. Anauliza kama hakusaini hata barua. Anasema labda sijatafuta vizuri, rafiki yake amemhakikishia. Supu imeganda. Mwisho anatoa lile ninalolisikia kwa kila mteja wa aina yake: "Sasa mimi nakulipa kwa saa ili uniambie hapana?"

Ndiyo, mzee. Hapana yenyewe ndiyo kazi. Sikusema hivyo, nilisema nitapitia tena Hansard, kumbukumbu rasmi za Bunge.

Nikapitia. Kutafuta kisichokuwepo huchosha kuliko kutafuta kilichopo, kwa sababu huna pa kusimama ukasema basi. Ukurasa baada ya ukurasa wa majibu yake bungeni, kisha mikrofilamu ya magazeti ikipita mbele ya macho mpaka yanatoa machozi. Nje kukawa giza tena, sijui saa ngapi, kumi na moja hivi. Mgongo haukuwa wangu. Sandys yumo kila mahali. Thomas wangu hayumo.

Nyumbani, miguu kwenye maji ya moto, nikaandika ripoti: tarehe, vyanzo, na sentensi moja wazi kwamba hakuhusika. Halafu, kwa huruma, nikamwongezea zawadi. Kuna Conservative mwingine mzaliwa wa Wales, Geoffrey Howe wa Port Talbot, aliyekuja kuwa Waziri wa Fedha chini ya Thatcher. Akiwa luteni kijana Afrika Mashariki baada ya vita, kwa maelezo yake mwenyewe, alikuwa akiwahutubia watu kwa Kiswahili wajiepushe na ukomunisti na wamtii "Bwana Kingy George". Kilimanjaro pia alipanda. Sura nzima hiyo, mzee, na ni kweli tupu.

Jibu likaja kabla sijakausha miguu: "Ahsante mwanangu. Na huyo Howe, mama yake si alikuwa Thomas?"